Kupeleka Habari Kidete

Tangu nirudi mmekuwa mkinipigia mmoja mmoja, na kila mmoja nimemjibu kipande. Asha nimemwambia habari za tembo, Joel nimemwambia njia ilikatika, wengine nimewadanganya kwamba simu inazima. Sasa naandika mara moja, yote, mpelekeane wenyewe. Mkimaliza kusoma msinipigie kwa siku mbili tatu.

Kazi yangu mnaijua. Mwaka wa kumi na moja huu napiga picha za filamu za kweli kwenye nchi zenye vita, na watu hudhani sina woga. Woga ninao, tena mwingi. Ila ukiwa nyuma ya kamera, jicho moja umelifumba na jingine umelitia kwenye kioo, woga hukaa pembeni ukikusubiri umalize. Safari hii sikuwa na kamera. Nilikuwa na begi la nguo na rekoda ya Shabani, nimeifunga ndani ya kanga.

Shabani alikuwa fundi sauti wangu. Tulikulia wote Kidete, kando ya reli: wao Wasagara wenye mashamba yao, sisi Wasukuma tuliokuja na ng'ombe kutoka kanda ya ziwa nikiwa bado nabebwa mgongoni. Mimi ndiye niliyemtoa kwenye kufunga spika za harusi nikamtia kwenye kazi hii. Siku tunaondoka mara ya kwanza mama yake alinishika mkono akasema, "Mtani, nakukabidhi mzima. Usije ukaniletea nusu." Tulicheka wote, na yeye akacheka.

Shabani alikufa katika mji ambao sitautaja hapa. Mimi nilibaki hospitali ya huko wiki tatu kwa ajili ya sikio. Niliporudi Dar nilimwendea mjomba wake, Mzee Idi, ambaye ndiye aliyepewa taarifa ya kifo. Alikuwa amelala kitandani, presha imempanda, akaniambia neno moja tu: "Nenda Kidete. Wanakusubiri." Nikaelewa kwamba wameshalia, wameshakaa matanga, wanataka kumwona mtu aliyekuwa naye mwisho. Nilichokuwa nakiogopa ni swali moja, nalo nililijua kabla sijaulizwa: na wewe ulikuwa unafanya nini?

Dar hadi mbugani

Mmeniuliza kwa nini sikupanda treni ya umeme nikashuka Kilosa kama watu. Baba yangu siku hizi anakaa Mikumi, na kwenye msiba wa mtani binti haendi peke yake. Ilinibidi nimpitie. Nikapanda basi la Iringa.

Mpaka Morogoro sikumbuki kitu. Jirani yangu alikuwa mama mnene mwenye kikapu cha machungwa na ndimu, ambaye alimenya, akala, akanimenyea na mimi, akaniuliza nimeolewa wapi. Nilimjibu vizuri tu. Tulipoingia mbugani dereva akapunguza mwendo, abiria wakaanza kuoneshana twiga.

Kisha tairi la nyuma likapasuka.

Ninyi mngesema "pole dereva". Mimi nilipokuja kujitambua nilikuwa chini, kati ya viti, nimelala kifudifudi juu ya maganda ya machungwa, mikono imefunika kisogo, na nilikuwa napiga kelele nikimwita Shabani alale chini. Basi zima likanigeukia. Yule mama akashuka kwenye kiti chake kwa shida, akapiga magoti.

"Ana kifafa huyu! Msimshike miguu!" Akakata ndimu kwa meno akanisugua puani nayo, mpaka macho yakaniwasha. "Mume wake ndiye huyo Shabani? Yuko humu ndani? Shabani!"

Watu wakaanza kumtafuta Shabani. Kondakta akaenda hadi viti vya nyuma akiuliza, "Shabani ni nani? Mke wako anaumwa huku." Nililala pale nikisikia jina lake likiitwa kiti kwa kiti, na hakuna aliyeitika.

Tulikaa zaidi ya saa mbili. Kushuka hairuhusiwi, isipokuwa dereva na utingo wake waliokuwa wakihangaika na jeki huku mmoja akiangalia porini. Tembo watano walikuwa ng'ambo ya barabara, na mmoja akasogea mpaka tukaona nywele za mkia. Dereva, akiwa chini kwenye tairi, alitupungia mkono tunyamaze. Basi zima likanyamaza, na hapo nikaogopa kuliko lilipopasuka tairi.

Hapa lazima niwaeleze jambo moja, maana bila hilo hamtaelewa mwisho. Fundi sauti, kila mnapomaliza kupiga picha mahali, huomba dakika moja ya kimya. Hakuna kusema, hakuna kutembea. Anarekodi mahali penyewe palivyo: upepo, ndege, bati linalogonga. Baadaye hutumika kuziba mapengo ya sauti. Shabani aliiita dakika ya mahali. Alikuwa akinyoosha kidole juu na kusema, "Naombeni dakika ya mahali," hata majenerali wakatii. Alikufa ndani ya dakika hiyo. Kwa hiyo watu wakinyamaza ghafla, mimi husubiri kishindo.

Tembo akala majani yake, akajiondokea.

Mikumi, kwa baba

Baba yangu, Mzee Masanja, alinipokea kwa kelele kama kawaida yake, akanitazama, kelele zikamwishia. Aliuza ng'ombe wake wote akahamia Mikumi mjini kwa kuwa magoti yamechoka, lakini kofia ya kuchungia hajaivua. Anaivaa ndani, anaivaa akila.

Aliniwekea ugali na samaki furu wa kukaangwa, nikamsogezea sahani. Akala cha kwake na changu.

"Nisikilize," akasema. "Kule hatuendi kulia. Mtani akilia, nani atawanyamazisha wenye msiba? Mimi nitaingia kama ninavyoingia siku zote. Nitamwigiza Shabani alivyokuwa akitembea. Wewe utadai kuku."

"Siwezi, baba."

"Utaweza. Babu yako alizikwa na Wasagara. Walilala ndani ya kaburi wakagoma kutoka mpaka wapewe mbuzi, na bibi yako akacheka mpaka kanga ikamdondoka. Siku ileile. Hiyo ni dawa, si mchezo."

Namwamini baba katika mambo ya utani. Kidete nzima inamjua. Katika miaka yote tuliyoishi kule hajawahi kupiga hodi kwa mama Shabani. Alikuwa anaanza kelele tangu mbali, kule relini: "Leteni kiti, mwenye mji kafika!" Naye mama anajibu kutoka jikoni, "Fungeni banda, mwizi wa kuku huyo!" Hata sikukuu ya Idi, hata siku mume wake alipougua. Nilijiambia kwamba nikikaa nyuma ya kelele za baba, huenda nitafika.

Njia ya vumbi hadi Kilosa

Tulipata Noah yenye watu kumi na mmoja na mashine ya kukoboa mpunga katikati yetu. Baba alikaa mbele, kofia kichwani, akitania kila aliyepanda. Tulipofika kijiji kiitwacho Ulaya akageuka akaniambia, "Umezunguka dunia nzima na kamera yako, leo ndiyo unafika Ulaya." Gari likacheka. Na mimi nilicheka, naapa.

Lakini mashamba ya mkonge yalinimaliza. Mkonge umepandwa kwa mistari iliyonyooka, na gari likipita unaona ndani ya kila mstari mpaka mwisho wake, mstari baada ya mstari. Miaka kumi na moja jicho langu limezoea kutafuta mtu aliyejificha. Nilichungulia kila mstari. Nilitafuta mguu, kofia, chuma kinachong'aa. Shingo ilikakamaa, jasho likanitoka mgongoni, na jirani yangu akadhani natafuta mahali pa kujisaidia. Akamwomba dereva asimame. Ikabidi nishuke, kwa aibu, nikasimama peke yangu mbele ya mkonge ule nikijifanya nina haja. Sikwenda hata hatua tatu kutoka barabarani.

Kilosa, siku mbili

Rukia, dada yake Shabani, ana genge la mboga mtaa wa Mabwerebwere na mgahawa mdogo wa meza mbili. Alitupokea kwa shikamoo, akatunawisha, akatuwekea wali, maharage na mchicha. Akasimama akituangalia tunavyokula. Nilitegemea atalia nami nilie, tumalize. Hakulia.

"Mama anasema ukifika tu umweleze lini wanamruhusu," akasema.

"Wanamruhusu nani?"

"Shabani."

Baba akarudisha tonge kwenye sahani.

Rukia akaketi, akajifunika uso kwa upande wa mtandio, ndipo akatueleza. Siku Mzee Idi alipopata taarifa alipiga simu Kidete akasema Shabani ameumia, amelazwa. Mnajua tulivyo. Habari ya kifo hatumtupii mtu nzima-nzima, tunamkatia. Leo ameumia, kesho amezidiwa, keshokutwa wazee wanafika wamevaa kanzu, na kufikia hapo mwenyewe ameshaanza kujua. Mzee Idi alisema kipande cha kwanza. Kesho yake presha ikamwangusha, na cha pili hakikusemwa.

"Mimi mwenyewe nimeambiwa kweli wiki iliyopita," alisema Rukia. "Nimekwenda Kidete mara mbili nimsemeshe, nimerudi na mboga. Mjomba akaniambia tulia, mtani anakuja. Mtani ndiye atakayesema. Hamkuambiwa?"

Hatukuambiwa. Nikakumbuka mzee yule alivyogeukia ukutani baada ya kuniambia neno lake moja. Nimewahi kuingia kwenye miji inayoungua. Sijawahi kutaka kukimbia kama nilivyotaka kukimbia kwenye mgahawa ule wa meza mbili.

Tulitaka kuondoka kesho yake asubuhi tulimalize, ikashindikana. Mvua ilikuwa imenyesha juu kwa Wagogo, Mto Mkondoa ukashuka umejaa, tuta la reli likaliwa na maji mahali fulani mbele, treni ya kawaida ikasimamishwa, na barabara haikuwa na bodaboda aliyekubali kujaribu. Siku mbili. Baba alikwenda stesheni mara nne kwa siku. Mimi nilisaidia kuchambua mchele wa Rukia, na kila simu ya Rukia ilipolia niliacha kuchambua.

Siku ya pili, adhuhuri, simu ikalia, na Rukia kabla hajafikiri akawa ameipokea. Akanitazama. Akaninyooshea.

"Kabula! Nimesikia uko Kilosa, mto umekuzuia."

"Shikamoo mama."

"Marahaba, mwanangu. Mchele nimeshautwanga, wa shamba la mwenyewe huu. Haya niambie, mgonjwa wetu?"

Rukia alikuwa ameziba mdomo kwa viganja vyote viwili. Baba alikuwa mlangoni. Nilijua neno linalotakiwa. Lilikuwa mdomoni.

"Hajambo, mama," nikasema.

"Alhamdulillahi," akasema. Nikamsikia akiwatangazia watu waliokuwa naye: hajambo, Kabula anasema hajambo. Wakashangilia. Nilikata simu, nikamrudishia Rukia, nikarudi kwenye mchele.

Kwa kiberenge

Siku ya tatu baba alirudi kutoka stesheni akikimbia kwa yale magoti yake. Wafanyakazi wa njia walikuwa wanapeleka kiberenge kukagua reli, amewatania mpaka wamekubali tukae juu ya vifaa. Tukapanda watatu, Rukia katikati.

Kiberenge hakina kuta. Unakaa juu ya ubao, miguu inaning'inia, na kijigari kinakwenda kikigonga kila kiungo cha reli: tak-tak, tak-tak. Upande mmoja mlima, upande mwingine mto wa rangi ya chai ya maziwa, uking'oa vichaka. Mahali pengine kokoto zilikuwa zimesombwa, mataruma yanayoshika reli yananing'inia hewani, maji yanapita chini. Mkaguzi akashuka, akatembea mbele akigonga kwa nyundo, akatupungia mkono twende polepole. Rukia alikuwa anasoma dua. Mimi niliangalia maji nikawaza, Mungu anisamehe, kwamba tukianguka hapa sitalazimika kufika.

Njiani tulipanga. Rukia ashuke mwanzo wa kijiji, maana uso wake ungetusaliti, akakusanye wanawake wa jirani na amwite imamu. Baba aingie kwa kelele zake za siku zote, mama atulie, ale. Wanawake wakishakaa pembeni yake tayari kumshika, baba aseme.

"Kelele hizo ziwe zilezile, baba," nikamwambia.

"Unanifundisha mimi?" Lakini hakuwa anacheka, na mikono yake ilikuwa imeshika ubao kwa nguvu.

Kidete

Mama Shabani alikuwa uani, amesimama mbele ya sufuria, mwiko mkononi. Alikuwa amefagia uwanja wote, alama za ufagio bado zinaonekana. Jamvi jipya limetandikwa. Amevaa gauni la sikukuu.

Tulifika kwenye njia inayotoka relini, mahali ambapo baba huanzia kelele zake. Nikamsikia akivuta pumzi. Tukapiga hatua tano, kumi. Kimya. Nikamgusa mgongo. Tukafika kwenye ukingo wa uwanja, na mama akawa ametuona, ameshainua mwiko kumtishia mwizi wake wa kuku, mdomo uko tayari kujibu.

Baba akavua kofia.

"Hodi, mama," akasema kwa sauti ndogo. "Habari za hapa?"

Mwiko ukabaki juu. Mama alitazama kofia iliyokuwa mkononi mwa baba, akatazama kichwa chake, kipara ambacho nadhani hakuwahi kukiona.

"Masanja," akasema. "Mbona unanisalimia kwa adabu?"

Baba alishika kofia kwa mikono miwili. Machozi yalikuwa yanamtoka.

"Mbona hunitukani, Masanja? Mwanangu amekufa?"

Wanawake hawakuwa wamefika bado. Nilimkimbilia mimi, nikamdaka, tukaenda chini wote juu ya jamvi lile jipya, na sufuria likaungua.

Sitawaandikia kilio. Kilienda mpaka jioni, watu wakaja hata kutoka ng'ambo ya reli, na baba yangu, mtani mkuu, alilia kuliko wenye msiba mpaka kijana mmoja wa Kisagara akaona aibu, akaanza yeye kumwigiza baba: alivyovua kofia, alivyosema "habari za hapa". Watu wakacheka huku wanalia. Kwa hiyo dawa ilipatikana, ila ilitoka upande wa pili.

Kesho yake asubuhi, wanawake walipokuwa wanatwanga, mama aliniita ndani. Alikuwa amekaa kitandani, sauti imekauka.

"Juzi uliniambia hajambo."

"Niliogopa, mama."

"Haya. Nani alimzika?"

Nikamweleza. Wazee wa mji ule, wageni kabisa, walimwosha, wakamvika sanda, wakamswalia safu tatu. Njia zilikuwa zimefungwa, asingeweza kuletwa. Aliuliza majina yao nikamtajia wawili niliowakumbuka, akayarudia polepole. Kisha likaja.

"Na wewe ulikuwa unafanya nini?"

Safari nzima nilikuwa nimetunga majibu. Nikayasahau yote, nikasema kweli. Shabani aliomba dakika ya mahali. Tulisimama kimya kwenye soko tupu. Kikapiga kishindo. Kamera yangu ilikuwa inawaka, na mkono wangu, kwa mazoea, uliigeuza kufuata moshi. Nilipiga picha ya moshi. Pumzi nne, tano. Sikuwahi kuzima kamera katikati ya tukio maisha yangu yote, na siku ile pia sikuizima. Ndipo nikageuka kumtazama Shabani.

"Ungegeuka mapema angepona?"

"Daktari alisema hapana. Mimi sijui."

Nilisubiri anifukuze. Angenifukuza ningekwenda.

"Picha siitaki," akasema. "Uliyobeba kwenye kanga ni nini?"

Nikaifungua rekoda. Nikamweleza kwamba ni ile dakika, hakuna maneno ndani yake, ila Shabani alikuwa ameshika maiki karibu, kwa hiyo pumzi zake zinasikika. Na kishindo nacho kimo. Kiko kwenye sekunde ya hamsini na mbili.

Akasogeza mtandio, nikamvisha hedifoni zake Shabani, zile zenye gundi ya plasta pembeni. Nikabonyeza. Nikaanza kuhesabu, kidole juu ya kitufe, na sijawahi kuogopa kitu kama nilivyoiogopa saa ile ndogo kwenye kioo. Mama alifumba macho. Uso wake ukalegea. Akaanza kuvuta pumzi taratibu, na kuitoa, na nikaelewa kwamba anamfuata mwanawe. Arobaini. Arobaini na tatu. Arobaini na sita. Nikazima.

Akafumbua macho.

"Mbona umezima?" akasema. "Alikuwa bado anapumua."

Nikairudisha mwanzo.